Nyumbani Sijaacha Mtu

Jumamosi ile jioni Rahimu alitoka bafuni akijifuta kichwa, akasema, "Ahsante kwa maji, mke wangu. Leo umeyapatia."

Hajra alikuwa barazani akichambua choroko. Maji hakuyapeleka yeye. Jiko la mkaa lilikuwa halijawashwa, na sufuria ya maji ya kuoga ilikuwa imefunikwa pale pale alipoiacha asubuhi, kavu. Mwanamke mwingine angesema, si mimi. Hajra alinyamaza, kwa sababu kuna sifa ambazo mtu huzipokea hata kama si zake, hasa zikitoka kwa mume ambaye siku hizi hasifii kitu.

Rahimu alikuwa mwongoza watalii. Hivyo ndivyo shati lake lilivyoandikwa mgongoni, ingawa watalii wenyewe wengi walikuwa walimu, wanakwaya na watu wa semina waliochoka kukaa hotelini. Kila Jumamosi aliwapakia kwenye Noah ya dereva Modest hapa Nachingwea mjini, akawaonyesha mabaki ya mashamba ya karanga ya Waingereza na tuta la reli iliyong'olewa, akawapitisha palipokuwa na kambi ya wapigania uhuru wa Msumbiji, kisha wakavuka upande wa Ruangwa, wakaipita Nandagala, mpaka kwenye pango la Likwangule. Jioni aliwarudisha. Alikuwa na sauti nzuri na meno mazuri, na vyote viwili alivijua.

Jumapili shati hilo lilikutwa limepigwa pasi. Jumatatu Hajra aliporudi kutoka gengeni kwake, alikokuwa akiuza nyanya na bamia, alimkuta Rahimu ameshakula.

"Ugali wa mtama," akasema akilamba vidole. "Tangu lini unajua kupika hivi?"

Nyumba ile haikuwa na hata kibaba cha unga wa mtama. Hajra aliinua bakuli akalinusa. Lilinuka mawe mabichi na mavi ya popo.

Hapo ndipo wivu ulipomkaa. Niseme wazi, hakuogopa. Ukikuta kazi zako zimefanywa ndani ya nyumba yako, tena zimefanywa vizuri kuliko unavyozifanya wewe, humfikirii shetani. Unamfikiria mwanamke.

Jumatano alifuatwa gengeni na Teodosia, jirani yake wa ukuta kwa ukuta, mwanakwaya wa parokiani na mtu asiyeweza kulala na neno tumboni.

"Shoga," Teodosia alinong'ona, "yule ndugu yenu mbona haitikii salamu?"

"Ndugu yupi?"

"Anayefua nguo za Rahimu ukishatoka. Leo nimemwamkia mara mbili, hageuki. Na nguo zenyewe anafua bila maji, Hajra. Nimesimama pale ukutani nikamwangalia. Beseni kavu, na povu linatoka."

"Ni mzuri?"

Ndilo swali lililomtoka Hajra. Teodosia alimtazama, akapiga ishara ya msalaba, akaenda zake bila kununua kitu.

Mchana huo Hajra alifunga genge mapema. Alimkuta Rahimu amelala kwenye mkeka na simu kifuani, akaichukua taratibu, akaenda nayo uani. Mtafuta mabaya huyapata. Ilikuwapo picha ya Jumamosi, imepigwa mlangoni mwa pango. Kulia kwa Rahimu alisimama mwanamke mwenye mtandio mwekundu, anacheka. Kushoto kwake hapakuwa na mtu. Lakini mkono wa kushoto wa Rahimu ulikuwa umenyooka kando, na kiganja kimekunjwa kuelekea chini, kama vile mume anavyomshika mkewe bega wakipigwa picha. Chini ya picha paliandikwa: Kaka Rahimu, simu yangu imegoma kumwonyesha dada wa kushoto. Mwambie anisamehe. Faudhia.

Hajra aliipiga namba iliyotuma picha.

"Wewe ndiye unayekuja kumfulia mume wangu?"

"Nani mwenzangu?" Sauti ilikuwa ya mtu aliyeshtuka. "Dada, mimi nipo Dar, nimerudi toka Jumapili. Na mimi nina mume wangu na watoto. Kwani wewe siyo yule dada wa kaniki?"

"Mimi ndiye mke wa Rahimu. Wa kaniki ni nani?"

Faudhia aliishusha sauti kama mtu anayeogopa kusikiwa na aliye chumba cha pili. "Basi sijui, dada yangu. Asubuhi hatukwenda naye. Tulipotoka pangoni ndiyo nikamwona, kavaa shuka jeusi la kaniki, hana viatu, kaka Rahimu kamshika bega. Nikajua wife kamfuata kazini. Kwenye gari wakakaa wote kiti cha nyuma. Na kila nilipoongea na kaka Rahimu, kuna kitu kinanivuta mtandio kwa nyuma, kinanikaba. Nilipofika hotelini nikajitazama kwenye kioo. Shingo nzima ina alama za kucha."

Hajra alibaki ameshika simu iliyokwisha kukatika, na pale uani, mchana kweupe, jua likiwaka na kuku wa Teodosia wakiparura upande wa pili wa ukuta, alisikia mchi ukitwanga nyuma yake, polepole, pigo baada ya pigo, jinsi atwangavyo mtu asiye na haraka kwa kuwa yuko kwake, na alipojilazimisha kugeuka aliuona mchi umesimama wima katikati ya kinu kitupu, hakuna aliyeushika, na ile harufu ya mawe mabichi ikapita karibu yake, ikaingia ndani, kule alikolala mume wake. Kisha akamsikia Rahimu akisema kwa usingizi, "Njoo basi."

Alipomwamsha na kumwonyesha picha, Rahimu alitazama pembeni.

"Acha zako, Hajra. Hapo nimeegemea mwamba tu."

"Mwamba uko wapi?"

Rahimu aliigeuza simu kifudifudi.

"Jumamosi naenda na wewe."

"Gari limejaa."

"Nitakaa kiti cha nyuma."

Rahimu hakubisha, yeye aliyekuwa hodari wa kubisha hata kuhusu siku ya wiki. Hilo lilimtisha Hajra kuliko mchi.

Jumamosi walikwenda. Wageni walikuwa walimu wanne wa sekondari. Hajra alipotaka kukaa kiti cha nyuma alikuta kimelowa. "Hicho toka wiki iliyopita hakikauki, dada," Modest alisema akitazama mbele. "Nimekianika mpaka nimechoka." Hajra alikikalia hivyo hivyo. Ubaridi ulipanda mpaka kiunoni, lakini hakuondoka, kwa sababu alijua akiondoka nafasi ile itakuwa na mwenyewe. Asubuhi yote Rahimu alieleza habari za karanga na reli na wapigania uhuru kwa sauti ya mtu anayesoma barua ya mwingine. Walimu wakaanza kutazamana.

Pango la Likwangule lilikuwa la ukoo wa Bi Fatu, mwanamke wa makamo aliyekuwa akipalilia mikorosho yake karibu na hapo. Aliwajia na jembe begani na unga wa mtama kwenye kibuyu, akionyesha wazi kwamba ana haraka ya kurudi shambani.

"Wakati wa vita vya Majimaji watu walijificha humu," Rahimu alieleza. "Hatari ilipopita, jamaa zao walisimama hapa mlangoni wakawaita, mmoja mmoja, kwa jina. Aliyeitwa alitoka. Ndiyo maana mpaka leo, kabla ya kuingia, kila mtu anataja nani amemwacha nyumbani. Pango lijue kwamba huyu anangojwa."

"Na wale ambao hawakuwa na wa kuwaita?" aliuliza mwalimu mmoja.

"Wamo," alijibu Bi Fatu.

Walimu wakataja wake, waume na mama zao, na kwa kila jina Bi Fatu alidondosha unga kidogo. Zamu ya Hajra ilipofika, akasema, "Mimi nimekuja na mume wangu. Ni huyu."

Mkono wa Bi Fatu ulisimama hewani. "Huyu Rahimu?"

"Ndiyo, mama."

"Mwanangu, mbona wiki iliyopita kasimama hapa na yule mwanamke wa Dar, nikamwuliza kamwacha nani, akacheka, akasema, mimi nyumbani sijaacha mtu? Siku zote huwa anasema nimemwacha Hajra. Mimi nikajua Hajra amekufa. Nilitaka kumpa pole."

Njia ya mwongo ni fupi, na ya Rahimu ilikomea hapo, mbele ya walimu wanne na dereva. Aliinamisha kichwa. Alikuwa amemkana mkewe kwa ajili ya kicheko cha mwanamke wa mtandio mwekundu ambaye hata hakumtaka.

Bi Fatu alimvuta Hajra kando. "Wengine wanasema mzimu, masheikh wanasema jini. Sisi tunajua tu kwamba yumo mwanamke ambaye hakuitwa. Mumeo kamwambia hana mtu. Yeye kamwamini. Basi anajiona mke, na mke hana makosa kulinda mume."

"Nifanye nini, mama?"

"Aingie peke yake mpaka pale maji yanapodondoka, aseme kwa kinywa chake, nyumbani nimemwacha Hajra. Wewe ukisikia tu, umwite. Usikawie. Aliye humo hufuata sauti ya kwanza inayomwita, haijalishi ni ya nani."

Rahimu aliingia. Hajra alisimama mlangoni, na giza la pango likampumulia usoni ile harufu aliyoijua, akazisikia hatua za mume wake zikishuka, zikipungua, zikisimama, kisha yale maji, tone baada ya tone, na popo wakijigeuza huko juu, na mwishowe sauti ya Rahimu, ndogo, ya aibu, sauti ya mtu anayelipa faini: "Nyumbani nimemwacha Hajra."

Alifungua kinywa amwite. Na hapo hapo aliona moyoni jinsi Rahimu alivyolisema lile la kwanza, la kuwa hana mtu, kwa sauti kubwa, meno yote nje, na hili la pili kwa kunong'ona kama jina lake ni tusi. Akajiambia, akae kidogo. Na yeye asimame gizani aone inavyokuwa mtu kutongojwa. Haikuwa hata pumzi mbili.

"Rahimu," sauti ya Hajra ikaita.

Iliita kutoka ndani. Hajra mwenyewe alikuwa bado na kinywa wazi. Ilikuwa sauti yake kabisa, ila ilikuwa ya upole, upole ambao hakuwa ameutumia kwa miaka.

"Naam, mke wangu," Rahimu akajibu. Hatua zikaanza tena, nyepesi, za mtu aliyesamehewa. Zilikuwa zinakwenda chini.

"Rahimu! Rahimu, huku!" Hajra alipiga kelele mpaka popo wakatoka wakampita kichwani, akataka kujitupa ndani, na Modest na walimu wawili wakamkamata mikono. Bi Fatu alimziba mdomo kwa kiganja chenye unga.

"Usimwite tena, mwanangu. Ameshaitika."

Kutoka mbali chini ya mwamba walimsikia Rahimu akisema neno, na mwanamke akimjibu, kisha Rahimu akacheka. Hajra alikijua kicheko kile. Ndicho alichokuwa akicheka zamani, walipokuwa wachumba, na nyumbani kwake kilikuwa hakijasikika siku nyingi.