Mtaa Uliosifiwa kwa Kubana Umeme

Jokofu lilimkatalia Kidawa kwa adabu zote. Alivuta mlango, mlango ukagoma, na sauti laini ikatoka juu ya mpini: "Leo umeshafungua vya kutosha, mama. Subiri jua lipungue. Asante kwa kuokoa umeme."

"Ulaaniwe wewe na aliyekupa mdomo," Kidawa akalijibu.

Hivyo ndivyo walivyoishi na vyombo-pima mtaa wa Magunia, tangu Shirika la Mgao liwaletee bure nyumba hadi nyumba. Jiko-pima lilijizima maharage yakikaribia kuiva, eti joto lililobaki litamalizia kazi. Feni-pima ilihesabu vichwa chumbani; ikikuta kimoja, ilizunguka kivivu kama inafukuza nzi. Taa zilikuwakia usoni na kukuzimikia kisogoni. Na vyombo vyote viliongea na ubongo mmoja uliofungiwa kwenye sanduku la chuma chini ya nguzo ya umeme mtaani, jina lake Mgawi. Huyo ndiye aliyeamua kila mtaa wa Tanga upate umeme kiasi gani.

Vilikula umeme kidogo kweli, hakuna aliyebisha. Lakini uliookolewa ulikwenda wapi? Ulikwenda Kilimani, kwenye kuba za vioo walikojifungia wenye jiji. Ndani ya kuba moja walikuwa na uwanja wa barafu. Barafu, Tanga hii hii! Watoto wao waliteleza wamevaa masweta huku Magunia ikichemka.

Maji ya baridi aliyoyafuata jokofuni hayakuwa kwa kiu ya Kidawa. Alitaka kulowesha kitambaa amkande mama yake. Bi Mwanakombo alikuwa amelala chumba cha pili, mpira wa hewa puani. Mapafu yake yaliliwa na vumbi la mkonge katika kiwanda cha magunia, kiwanda ambacho wenyewe walikifunga wakaondoka bila hata kusema pole. Alichobaki nacho ni mashine ya kupumulia, kitu cha ukubwa wa ndoo, kinachochuja hewa na kumpa yenye oksijeni nyingi. Mchana huo mashine ilikuwa inakwamakwama. Umeme ulikuja, ukafifia, ukaja. Taa yake ya kijani ilikuwa imegeuka njano, na midomo ya mama ilianza kupiga weusi.

Kidawa akabonyeza kioo cha ukutani. Akatokea mhandisi wa zamu, kijana aliyevaa koti ndani ya ofisi yenye baridi, kibandiko kifuani kimeandikwa Rweyongeza.

"Shikamoo mama."

"Sitaki shikamoo yako, nataka umeme. Mama yangu anakata roho hapa."

Kijana akatazama pembeni. "Nyumba yako haina mashine ya kupumulia."

"Ninayo mbele ya macho yangu!"

"Wakati wa Wiki ya Kujifunza haikuonekana."

Hapo Kidawa alishikwa. Kabla ya mgao kuanza, Mgawi alipewa wiki nzima ya kuutazama kila mtaa na kujifunza mazoea yake. Na watu wa Magunia wakafanya walichofanya siku zote. Hawa ni vitukuu wa manamba, vibarua wa mashamba ya mkonge. Babu zao walificha mbuzi mkusanya kodi akija, na bibi zao walificha sufuria mnyapara akipita kambini. Basi wakaficha tena. Walichomoa majokofu, wakapikia mkaa, wakakaa gizani wakicheka kwamba safari hii wameiweza serikali. Kidawa alimhamishia mama yake na mashine yake kwa shangazi kule Pongwe, asije mtu akauliza kinachonguruma ni nini. Mgawi hakujua hila. Alijifunza kwamba ndivyo Magunia wanavyoishi, kisha Shirika likawasimikia bango kubwa: MTAA WA MFANO.

"Mlidanganya wenyewe," Rweyongeza akasema.

"Kwa hiyo mama afe ili tujifunze kusema kweli?"

"Usinipigie kelele, mama. Mgawi hasikilizi nyumba moja. Kifaa kimoja kikidai peke yake, anakisoma kama hitilafu. Anachosoma, saa hata saa, ni mazoea ya mtaa mzima. Nyumba moja moja atazisoma tena Wiki nyingine ya Kujifunza, baada ya masika."

"Masika!"

Kioo kikajizima. Kilikuwa kinaokoa umeme.

Kidawa akatoka barazani akipiga mayowe. Wa kwanza kufika alikuwa Kopwe kinyozi, mtani wake wa nyumba ya pili, povu bado mkononi.

"Nani kafa, Mzigua?" akamtania kwa kabila lake.

"Bado. Lakini umeme haumfikii mama."

Kopwe hakutania tena. Akageuka, akapaza sauti mtaa mzima: "Zimeni jamani! Zimeni kila kitu, Bi Mwanakombo apate!"

Wakazima. Mama mwenye kichanga alizima feni, mtoto akaanza kulia kwa joto. Majokofu yakachomolewa na samaki ndani. Magunia nzima ikawa kimya.

Kidawa akakimbilia chumbani. Taa ya mashine ilitoka njano ikawa nyekundu.

Nje, kipaza sauti cha kwenye nguzo kikaimba kidogo, kisha kikasema: "Hongereni wakazi wa Magunia! Mmevunja rekodi ya jiji. Umeme mliookoa umepelekwa panapouhitaji."

Watu wote wakatazama Kilimani. Kuba ziling'aa.

"Wanatupora huku wanatupongeza," Kopwe akasema, akatema mate. Kidawa alikuwa amesimama mlangoni. Maneno ya yule kijana yalimrudia. Mazoea ya mtaa mzima.

"Washeni," akasema.

"Nini?"

"Washeni kila kitu! Hata msichokihitaji, hasa msichokihitaji! Mmoja akiomba, ni hitilafu. Basi tudai wote."

Ukawa mchana wa wazimu. Jiko-pima halikubali kuwaka bila chungu, basi kila jiko likatwikwa sufuria la maji. Feni inahesabu vichwa, basi watu wakajazana vyumbani kama wako harusini. Kisha vikaanza kutoka vyombo vya zamani. Shirika liliagiza virudishwe vyote, na Magunia walikuwa wamerudisha vibovu tu. Zikatoka pasi nzito chini ya vitanda, hita, redio zenye spika kama makabati. Nyaya zikapata moto. Kipaza sauti kikaonya, kikasihi, kikakwaruza.

Taa ya mashine ikawa njano. Watu wakaongeza masufuria. Ikawa kijani.

Kioo cha Kidawa kikawaka chenyewe. Rweyongeza alikuwa amevua koti, jasho linamtoka.

"Mama, zimeni! Uwanja wa barafu unayeyuka, kuna watoto mle!"

"Watalowa miguu."

"Huu ni ubadhirifu! Mnachemsha maji ya nini?"

"Ya kuchemka," Kopwe akadakia kutoka dirishani, na mtaa ukaangua kicheko kibaya.

"Mkipunguza tu, Mgawi atawarudisha chini," kijana akasema, sasa kwa chuki ya wazi. "Mtachemsha mpaka lini?"

Swali hilo kila mmoja alikuwa ameshalielewa. Mzee mmoja alikuwa tayari ameanguka kwa joto, amelazwa kibarazani, anapepewa kwa kifuniko cha sufuria. Wanawake walianza kugawana zamu: nani ashike majiko hadi jioni, nani apokee, nani alete maji.

Chumbani Bi Mwanakombo alifumbua macho. Midomo imerudi rangi yake. Akageuza kichwa polepole, akasikia redio zinagombana, akaona mvuke unaingia kutoka ukumbini.

"Kidawa," akasema, pumzi kwa pumzi, "ndiyo malezi gani haya? Mnaunguza umeme bure. Zimeni hayo majiko."

"Nyamaza, mama," Kidawa akasema. "Wewe vuta hewa."

Akachukua ndoo, akaenda kuongeza maji.