Nusu Iliyobaki

Saidati, mdogo wangu, alizikwa Jumanne moja ya mwaka 1956, hapa Gisenyi, kabla ya Alasiri. Siku ilikuwa ya kawaida, upepo mdogo ukitoka ziwani. Haya ninayoyaandika yalimpata mume wake, Muhamadi, na mimi nilikuwepo.

Desturi yetu ni kumpima marehemu kwa tete. Hukatwa sawa na urefu wake, likapelekwa kwa wachimba kaburi, nao wakimaliza huliacha hukohuko juu ya udongo. Halirudi nyumbani. Sisi wanawake hatufiki makaburini, kwa hiyo sikujua kwamba shemeji yangu amerudi nalo.

Muhamadi alikuwa fundi cherehani. Aliona tete limenyooka, akalitia alama kwa kisu kila sentimita, akawa analitumia kupimia vitambaa. Nilipolitambua na kumkemea, arubaini ilikuwa imeshapita. Alinijibu kwa upole kwamba hakuna kitu kingine duniani kilichobaki na urefu wa Saidati.

Adhuhuri moja nilimpelekea maharage na viazi. Nikamkuta amepiga magoti anapima chumba. Toka mlangoni hadi ukutani, matete matatu. Toka ukutani kurudi mlangoni, matete manne. Nilimwambia amekosea. Nikapima mwenyewe. Matatu. Manne. Nikarudia. Yaleyale.

Tangu siku hiyo cherehani ilifunikwa. Aliandika hesabu ukutani kwa chaki ya kushonea, kutoka chini mpaka pale mkono wake ulipoishia, kisha akapanda juu ya kiti. Mimi nilisoma madarasa manne tu, lakini kujumlisha na kugawanya najua. Nilikaa siku mbili nikitafuta kosa ili nimwoneshe, aachane nayo. Sikulipata.

Watu walimtania. Nyirahabimana, muuza samaki wa Rubona, alimuuliza kama anapima chumba ili aone mke mpya ataenea. Muhamadi alicheka naye. Kisha akaniita pembeni, akanong'ona.

"Shemeji, iko nchi ingine. Haina udongo, haina maji. Iko hesabu tupu. Hata vilima vyake ni hesabu. Mutu akihesabu mubaya, anaanguka."

Nilimuuliza ameiona wapi. Akaonesha ukuta.

"Inaingilia pale, kwa ile tete ya ine, ile ya kurudi. Saidati iko kule, ananingoja. Nikitembea, napata nusu ya njia. Nikitembea tena, napata nusu ya ile inabaki."

"Na mwisho?"

"Mwisho haina. Kila mara inabaki nusu."

Nilimwambia aache basi. Alinitazama kana kwamba mimi ndiye mgonjwa.

"We unataka niache muke wangu sababu ya nusu?"

Nilikwenda kwa mwalimu wa msikiti. Akasema tete lirudishwe kaburini, na alirudishe yeye aliyelichukua, kwa hiari yake. La sivyo litamchukua. Kwa hiari yake! Wiki nne nilibembeleza, nikafoka, nikalia. Kesho, shemeji. Keshokutwa, shemeji. Hata sala zangu zilikuwa fupi kwa hasira, Mungu anisamehe.

Mwishowe alikubali kulirudisha Ijumaa, baada ya sala. Asubuhi hiyo nilifuta hesabu zote kwa kitambaa chenye maji, nikasiriba sakafu upya kwa udongo na majivu. Hakukasirika. Alisema anataka kumuaga mkewe, mara moja tu. Akalichukua tete, akaingia, akafunga mlango. Chumba kina mlango mmoja, na dirisha lenye nondo. Nikakaa kizingitini.

Adhana ikaita. Nikamwita.

Nikagonga.

Nikasukuma mlango. Hapakuwa na mtu, wala tete.

Katika udongo mbichi niliona nyayo zake. Kutoka mlangoni hadi katikati ya chumba zilikuwa za mtu mzima. Uliofuata ulikuwa wa mtoto. Uliofuata, wa kichanga. Kisha mdogo kuliko kidole changu gumba. Kisha punje ya mchele. Zote na vidole vitano.

Na pale ukutani, nyayo mbili za mwanamke, kubwa, zimesimama pamoja, zinamtazama. Kidole kidogo cha mguu wa kushoto kimepinda kuingia ndani, kama changu, kama cha mama yetu.

Karani wa polisi aliandika kwamba Muhamadi amevuka mpaka kwenda Goma. Nilimwambia aje aone sakafu. Hakuja. Kila mtu aliniambia Goma, Goma, mpaka nikachoka kujibu.

Nikaazima lenzi ya fundi saa. Nikalala kifudifudi siku nzima, nikizifuata nyayo zake. Hazikukoma. Zilizidi kuwa ndogo tu, zikisogea, na baina yake na vidole vya mdogo wangu ilibaki nafasi isiyopitisha hata uzi. Nusu. Nusu tena. Moyo ukanijaa. Kwa wiki zote zile nilimsukuma yeye. Sasa nikamgeukia Saidati.

"Sogea wewe," nikasema. "Hatua moja tu."

Nilifunga chumba kwa kufuli, nikaondoka na ufunguo. Sakafu ilikuwa imekauka, ngumu kama kigae.

Asubuhi nilifungua. Saidati alikuwa amepiga hatua. Unyayo wake wa kushoto ulikuwa umekanyaga, kwa uzito wote, juu ya zile nyayo ndogo.