Wimbo Usio na Mwenyewe

Kah. Usiku ule nilisikia sauti hiyo moja tu, kavu, kutoka sebuleni kwa bibi yangu Stanika. Asubuhi tukaikuta santuri aliyomnunulia babu kwenye kochi, imepasuka vipande viwili ndani ya jalada. Juu yake lilikuwa sanduku la Shangazi Borika, aliyefika usiku huo kutoka Vienna.

Siku yenyewe ilikuwa njema. Ua ulinukia mkate, na meza ya kumkumbuka babu, mwaka mmoja tangu afe, ilishatandikwa. Kwetu wimbo hutolewa kwa marehemu kama sadaka: mtoaji hutaja jina, muziki hupigwa, watu hucheza wameshikana mikono, naye huko gizani huupokea. Asiyetajwa hapati kitu.

"Janko aende mjini akanunue nyingine," Bibi alisema, akinitazama.

"Mama, wageni wameshakaa," Shangazi alisema. "Na santuri za nini zama hizi? Simu yangu inapata nyimbo zote za dunia."

"Umezinunua?"

"Nalipia kila mwezi."

"Ukiacha kulipa?"

"Zinaondoka."

"Basi si zako. Utampaje baba yako kitu cha kuazima?"

"Baba hatadai risiti, Mama."

Wageni walicheka. Nami nilicheka. Mjini ni mbali, supu ilikuwa inapoa. Mimi ndiye niliyeunganisha simu na spika.

Bibi aliwasha mshumaa, akamtaja babu, Paun. Wimbo ukaanza. Tukazunguka meza taratibu, Shangazi kushoto kwangu, mimi mwisho wa mstari, mkono wangu wa kulia mtupu.

Santuri huisha. Sindano hufika katikati, mtu huinyanyua. Wimbo wa babu ulipoisha, simu iliendelea yenyewe. Wimbo wa pili. Hakuna aliyeuomba. Hakuna aliyeutoa.

"Huu wa nani?" Bibi alinong'ona.

Tulitaka kusimama. Miguu haikutaka.

Kisha mkono wangu wa kulia ukashikwa.

Vidole vidogo. Vya mtoto. Vimelowa, na vina tope.

"Janko," Shangazi alisema, "mbona unainama?"

"Kuna mtu ananivuta."

Alitazama nyuma yangu. Uso wake ukaishiwa rangi.

Shangazi alikuwa na miaka tisa alipoachiwa mdogo wake amwangalie kando ya bwawa la kinu cha kusaga nafaka. Mtoto alizama, akafa bila mshumaa mkononi. Kwetu aliyekufa hivyo akiitwa huja, akakaa. Kwa miaka arobaini hakuna aliyemtaja. Hakuna aliyempa hata wimbo mmoja.

Mgeni mmoja aliizima simu. Kioo kikawa cheusi. Muziki uliendelea.

"Wimbo huu haujapewa mtu," Bibi alisema. "Utamchukua mmoja wetu. Utoe kwa jina la mdogo wako, Borika."

"Nikimwita hatatoka tena nyumbani humu."

"Usipomwita, anaondoka na Janko."

Mstari ulikuwa umeshaiacha meza. Ulikuwa unaelekea langoni, bwawani, nami sasa ndiye niliyetangulia. Hatua. Hatua. Sasa ni miaka mitatu tangu siku ile, na kiganja hiki hakijakauka. Nakifuta, kinalowa. Madaktari wamekitazama, wakatazamana.

Tulifika langoni. Bibi alikuwa akilia bila sauti.

Shangazi alifumba macho.

"Florika," alisema.