Aliyemwita Kipa

Jioni ile zamu ya maji ilikuwa yetu.

Mimi ni Enoch Thackray. Kabla ya vita nilikuwa beki wa kushoto wa Brackendale, nikilipwa kucheza mpira. Mwenzangu, Selwyn Maddock, alikuwa kipa wetu. Tuliingia jeshini siku moja, timu karibu nzima, tukiongozwa na nahodha wetu Amos Birtwell. Mwaka 1917 tulikuwa Ufaransa, na Amos alikuwa amekufa wiki tatu kabla ya jioni ile. Nilimzika kwa mikono yangu.

Tulibeba madebe ya petroli yaliyojazwa maji, tukipeleka mstari wa mbele. Kule watu hawakuwa wamekunywa tangu asubuhi.

"Wakishakunywa haya," Selwyn akasema, "asiwashe mtu sigara."

Nikacheka. Jua lilikuwa linazama.

Tukafika pale handaki linapogawanyika. Kushoto, njia yetu. Kulia, handaki la zamani lililoachwa, limejaa maji machafu. Hapo ndipo niliponusa kitu...

Majani mabichi. Majani ya uwanja yaliyokatwa muda huohuo.

Maili mbili kila upande hapakuwa na jani hata moja.

Kisha filimbi. Si ile kali ya ofisa anayetutoa handakini. Hii ilikuwa ya refa. Fupi, tulivu.

Selwyn akatua madebe yake.

Ndani ya handaki la kulia alisimama mtu. Jezi yetu ya bluu. Njumu safi, juu ya tope lililotufika magotini sisi. Uso ulikuwa wa Amos.

"Selwyn," sauti ikanong'ona. "Goli liko wazi, kaka. Njoo ukae."

Selwyn akaanza kwenda. Nilimwita, hakusikia. Alitembea akinyoosha vidole, kama alivyofanya kila Jumamosi akielekea golini.

"Na wewe, Enoch," ikanong'ona. "Nafasi yako ipo."

Miguu yangu ilitaka kwenda. Sitaficha hilo. Lakini nilikuwa nimecheza chini ya Amos miaka sita, na sauti yake ilisikika hadi nje ya uwanja. Alikuwa akitutukana mpaka mapadri wanaziba masikio.

"Amos hakunong'ona hata siku moja," nikasema. "Wewe si Amos."

Uso ule haukubadilika. Ila mdomo uliendelea kufunguka... ukafunguka... kupita mahali mdomo wa mtu unapoishia.

Nikamrukia Selwyn miguuni, rafu ambayo refa yeyote angenitoa nje. Akaanguka kifudifudi. Akanipiga ngumi, akinisihi nimwache, wanamsubiri. Nikamburuta kwa mkanda wake hadi njia ya kushoto. Sikumwachia.

Maji tuliyafikisha. Debe moja tu lilimwagika.

Sajenti Orrell alinisikiliza hadi mwisho, kisha akasema ile ilikuwa gesi ya shambulio la asubuhi. Ilikuwa imetuama kwenye lile handaki, na gesi ile hunuka kama majani yaliyokatwa. Hatua ishirini zaidi tungekufa. Mtu akiivuta, akasema, huona mambo.

Pengine. Selwyn alikohoa damu siku nne, akarudishwa nyumbani, na hakudaka tena. Lakini gesi gani inayojua jina la mtu?

Nilimuuliza sajenti hivyo.

Kesho yake akataka kunibadilishia zamu. Nikakataa. Wale wa mbele walikuwa na kiu ileile, na mimi sikuwa tayari kufukuzwa njiani na kitu kilichovaa uso wa rafiki yangu.

Nilipofika penye njia mbili nikasimama makusudi.

"Enoch Thackray," nikasema kwa sauti. "Beki wa kushoto. Napita."

Nikapita. Nilipokuwa nimekwenda kidogo, nikasikia hatua za njumu nyuma yangu. Jozi moja. Kisha nyingine. Kisha nyingi, kama timu inayoingia uwanjani...

Sikugeuka. Wala sikuongeza mwendo.