Mdogo Wangu Alinichora Nikiwa Bwana Msonyo

Nilikuwa nimesimama mbele ya mashine ya uchapaji pale sura yangu ilipoanza kutoka.

Sisemi sura inayofanana na yangu. Yangu kabisa... Upara unaoanzia kushoto, miwani iliyofungwa waya sikioni, kidevu juu kama mtu anayenusa kitu kibaya.

Karatasi baada ya karatasi. Mimi, mimi, mimi.

Na chini yake, herufi nyekundu: BWANA MSONYO.

Nikazima mashine.

Sasa mnijue kwanza. Mimi ni msimamizi wa chumba cha mashine, mwaka wa kumi na saba huu. Kalenda, daftari, kadi za harusi, vyote vinapita mikononi mwangu. Pamoja na haya majarida ya katuni, ambayo watu wazima wenye ndevu zao wananunua ili wasome habari za watu wanaoruka bila mabawa. Upuuzi mtupu.

Na anayeyachora ni mdogo wangu. Baba mmoja, mama mmoja. Nimeshamwambia mara ngapi atafute kazi ya maana.

Basi nikaokota zile kurasa, nikasoma.

Kumbe Bwana Msonyo si hata adui mkubwa! Adui mkubwa ana jeshi na moto mikononi. Huyu kapewa kurasa nne tu, za kujazia. Uwezo wake ni mmoja: akimtazama mtu juu mpaka chini halafu akasonya, yule mtu anapungua shubiri moja. Akisonya tena, shubiri nyingine. Haruki, hapigani, hata kukimbia hawezi kwa sababu ya magoti.

Mimi magoti yananisumbua mwaka wa tano sasa.

Ukurasa wa pili, kamsonya karani mpaka karani anaogelea kwenye kikombe cha chai. Wa tatu, jirani yake anaishi ndani ya kiatu.

Nyuma yangu nikasikia mtu anabana kicheko. Mama wa wino, yule anayejaza rangi kwenye mashine. Nikageuka, nikamtazama juu mpaka chini... nikasonya.

Mabega yake yakashuka. Akarudi kwenye ndoo zake.

Sikujali. Nikavua aproni, nikamwambia meneja naumwa, nikaenda moja kwa moja kwa mdogo wangu.

Anaishi chumba kimoja, meza imejaa chupa za rangi, kitanda kimejaa karatasi. Nikamtupia kurasa zangu usoni. Nikamwambia kwamba nilimlea, nilimsomesha, na malipo yangu ndiyo haya. Nikamwambia ni kupe. Nikamwambia hata mikono hajui kuichora, vidole vyote kama ndizi mbivu.

Aliendelea kuosha brashi zake mpaka nikamaliza.

"Kaka, mimi nimechora tu," akasema. "Hadithi si yangu."

"Ya nani?"

Akavuta droo, akatoa daftari, akalifungua mbele yangu.

Nilikaa bila kukaribishwa.

Mwandiko ule ninaujua. Herufi zimelalia kulia, nukta za i ni vijiduara. Nauona kila wiki kwenye karatasi ya mahitaji ya nyumbani.

Mke wangu!

Mama watoto wangu, mwanamke wa maneno matano kwa siku, ndiye aliyekuwa anaandika jarida lile kwa miaka miwili. Mashujaa, maadui, vyote vimetoka kichwani mwake. Wasomaji wanasubiri kila toleo. Na mimi nilikuwa nayachapa maneno yake huku nikiyacheka.

Nikauliza kwa nini nilifichwa.

"Hukufichwa, kaka. Alikuambia nikiwepo, mezani kwenu. Ulimtazama, ukasonya, ukaomba chumvi."

Jamani, sikumbuki. Hilo ndilo lililonitisha. Sikumbuki kabisa...

Nikalichukua lile daftari na zile kurasa, nikaenda nyumbani, njiani nikipanga hotuba ndefu. Nilifika nikamkuta mke wangu anapiga pasi sare za watoto. Nikaweka daftari na kurasa juu ya meza, na hotuba ikaniishia hapo hapo. Hakushtuka hata kidogo. Alizima pasi kwanza, akaisimamisha.

Akaniuliza kama nimesoma ukurasa wa nne. Nikasema sikuwa na haja, nilishaona ya kutosha.

"Usome."

Nikausoma nikiwa nimesimama. Shujaa hayumo. Hakuna anayempiga Bwana Msonyo, hakuna hata anayemkemea. Mkewe na wanawe wamekuwa wadogo kama njiti za kiberiti, na asubuhi moja wanapita chini ya mlango, mmoja mmoja, wanaondoka. Yeye amekaa kitini anasubiri chai. Picha ya mwisho, bado anasubiri.

Nikamuuliza kama na yeye anaondoka.

"Begi nililifunga mwezi wa pili," akasema. "Halafu nikaketi nikaandika hiyo. Nilijua itapita kwenye mashine yako. Nikamwambia shemeji akuchore wewe hasa, usije ukasema ni mtu mwingine."

Nitawaambia ukweli. Mdomo ulishaanza kujikunja ili nisonye... Niliuzuia kwa mkono, kweli kabisa, kama mtu anayezuia chafya. Na yeye aliona.

Nikamwomba anisomee anachoandika siku hizi.

Alinitazama weee. Akaleta daftari jingine, akaanza kusoma kwa sauti ya chini, ya mtu aliyejiandaa kukatizwa. Kulikuwa na mwanamke anayebishana na mvua. Sikuelewa nusu yake. Nilikaa tu.

Alipomaliza akauliza, "Vipi?"

"Pale katikati sijapaelewa. Hebu rudia."

Akarudia. Safari hii kwa sauti ya juu.

Kesho yake nilimwomba radhi mama wa wino. Hakuniamini. Simlaumu.

Nyie mnaonisoma hapa, hasa wanaume wenzangu wa kidevu juu: miaka yote hiyo nyumba yangu ilikuwa kimya, na mimi nilitamba kwa marafiki kwamba naheshimiwa. Heshima gani! Watu walikuwa wamechoka kunisemesha. Kama na kwako ni kimya, nenda kaulize leo. Na ukianza kujibiwa, funga mdomo mpaka wamalize.