Alikataa Kumfunga Uzi Mume Wangu

Nina miaka arobaini na tisa, mama wa binti mmoja. Mimi ni Mhindi wa Mombasa, shule niliachia darasa la saba, na sasa naishi Saint Paul, Marekani. Majina sifichi. Walionitenda ni mume wangu Jayesh, mama yake Savita, na Hina.

Hina ni binti wa jirani yetu kule Mombasa. Kila sikukuu ya Rakhi alimfunga Jayesh uzi mwekundu mkononi, akamlisha ladu, ile tamutamu yetu ya duara, naye akampa zawadi. Kwetu, mwanamume ukishamfunga uzi ule ni kaka yako hadi kufa. Kumtamani ni mwiko. Basi alipokuja Marekani akaomba kukaa kwetu, wakati huo tuko mji wa Hopkins, ningemkataaje wifi yangu?

Nikampa chumba cha binti yangu. Nikamkandia chapati, nikampikia dengu. Jayesh akawa anam-drop kazini kila asubuhi, mimi nangoja basi kwenye baridi ya kukata masikio... Wivu? Wa nini, kwa ndugu?

Mwaka jana Rakhi ikafika. Nikapanga sinia: uzi, taa ya samli, ladu. Hina akasema kichwa kinamuuma. Nikamwambia ni dakika moja tu. Akasema mwaka huu hafungi. Jayesh mkono ameshautia mfukoni.

"Kokila, usimlazimishe mtoto," akasema mama mkwe, Ba tunavyomwita, aliyekuwa akiishi nasi.

"Mtoto gani, Ba? Ana miaka thelathini na nane huyu. Hina, mfunge kaka yako nione."

"Siwezi, bhabhi," akasema, bado ananiita wifi, macho chini. "Si kaka yangu tena."

Moyo ulinipasuka... Alimwogopa Mungu asifunge uzi wa uongo, mimi hakuniogopa! Na mama mkwe hakushtuka hata kidogo. Alijua kitambo. Akaniambia mbele ya binti yangu kwamba nimemzalia msichana tu, na mwanawe anahitaji mtoto wa kiume.

Sikulia. Niliizima ile taa, nikala ladu lote mwenyewe, nikanawa mikono. Kisha nikafungasha nguo zetu.

Sasa tumepanga Frogtown, mtaa wa hapa Saint Paul, binti yangu na mimi. Nafua mashuka ya hoteli Bloomington, mgongo unaniuma, lakini usingizi naupata. Juzi Savita akapiga simu. Magoti yamemshika, Hina hajui hata kukaanga jira, nyumba imekuwa ya pizza tu.

"Rudi, mkwe wangu. Nyumba ni yako hii."

"Ba, si una mkwe mpya? Mfundishe kupika."

Akakata.

Wanawake wa hekaluni wananiambia mke mwema husamehe. Mbona hakuna aliyekwenda kumwambia Jayesh mume mwema hufanya nini?

Dada zangu, mila zetu nazipenda, bado nazifuata. Lakini msizikabidhi mila kazi ya kuwalindia ndoa. Mwenye nia mbaya atazivaa kama nguo ya sikukuu. Na wakishakutupa, halafu wakakuita kwa sababu jiko limepoa, usirudi. Waache wale chakula baridi.

Mimi sirudi ng'o.