Uliita Mtoto Gani

Mbwa ndiye aliyekataa kwanza. Tulikuwa tumerudi kutoka kuvuna viazi, nimembeba binti yangu mgongoni ndani ya joho la sufu, na mbwa wetu, ambaye tangu mtoto azaliwe alikuwa halali pengine ila chini ya susu yake, akaja mpaka mlangoni, akanusa, akarudi kinyumenyume. Hakuingia tena jikoni.

"Amekunusa wewe," Eliécer, mume wangu, akasema akicheka. "Unanuka gunia."

Nikamtupia ganda la kiazi. Nikacheka, jamani. Nilicheka.

Mtoto alikuwa hajabatizwa. Mama yake wa ubatizo yuko Bogotá, na kila tukimngoja, mara mvua imekata barabara, mara kazini hawamruhusu, na huku kwetu Chitasuca jina halitamkwi kabla ya maji kumgusa mtoto kichwani. Kwa hiyo tulimwita mtoto tu. Mtoto amelala, mtoto amejamba, mleteni mtoto.

Asubuhi nilipomshika alikuwa baridi. Si baridi ya ugonjwa. Baridi ya kiazi kilichotoka ardhini sasa hivi. Nikamweka karibu na jiko la kuni mpaka joho likapata moto, lakini ngozi yake chini ya joho ilibaki vilevile. Hakulia. Alinyonya bila sauti ya kumeza, macho wazi, ananitazama kama mtu anayesubiri zamu yake. Na ile harufu! Udongo mweusi, mbichi, uliopinduliwa na jembe. Nilimwogesha kwa majani ya mkaratusi, nikamwogesha tena, na kila nikimfuta harufu ilikuwa inatoka mdomoni mwake.

Muuguzi wa zahanati akampima. "Mzima huyu, mama. Mvalishe soksi."

Mama mkwe wangu, Doña Herminda, alingoja mpaka Eliécer alipotoka kwenda kukamua ng'ombe. Ndipo akanisogelea, sauti chini, kana kwamba mtoto angesikia.

"Yaneth. Siku ile shambani ulimlaza chini?"

"Juu ya magunia, mama. Katikati ya matuta."

"Na ulipomwinua, ulimwita?"

Kila mtu huku huita. Mtoto akilazwa kwenye ardhi ile, hainuliwi kimya kimya. Unamwita aje, asibaki, maana mlima una wenyewe. Jembe likizama kidogo tu linaibua vigae vya vyungu vyao na vijiwe vyao vya kusokotea pamba, na mwaka mmoja liliibua kifupa chembamba ambacho Eliécer alikirudisha upesi na kupiga ishara ya msalaba. Ni babu zetu, na bibi zetu. Na watoto wao.

"Nilimwita. Ukungu ulishuka ghafla, nikamnyakua, lakini nilimwita, naapa."

"Ulimwitaje?"

"Nikasema, njoo mtoto, twende nyumbani."

Akaweka mwiko chini. "Uliita mtoto gani?"

"Mtoto! Si hana jina?"

"Kusoma kote kule," akasema. "Wewe Yaneth, kule chini wako watoto wangapi?"

Nikamtazama aliyekuwa mapajani mwangu. Alikuwa anatutazama sisi wawili, mmoja baada ya mwingine, kwa zamu, kila aliyesema.

Tulimpeleka kwa Don Belarmino, mzee anayeunga mifupa na kujua majani. Alitia sikio kifuani kwa mtoto, akalitoa haraka na kulisugua.

"Mwili ni wa kwako, mwanangu. Aliyemo si yeye. Wako amekaa palepale ulipomlaza, anangoja. Na hawezi kungoja sana. Mtoto wa kunyonya husahau upesi."

"Atasahau nini?"

"Wewe."

Nilimshika mkono, nikamvuta, nikamwambia baba, nifanye nini, nifanye nini, chukua ng'ombe, chukua mimi.

"Ng'ombe wako mwenyewe amekonda, nitamfanya nini? Nyamaza unisikilize. Utampa jina hukohuko, kwa maji na chumvi. Padri atanuna, tutampelekea kuku. Lakini uite mara moja tu. Atakayelidaka hilo jina ndiye atakayekaa mwilini."

Tukapanda mchana, ukungu umelala juu ya matuta hata sikuiona miguu yangu inapokanyaga, Don Belarmino akituongoza, Doña Herminda akimfuata na chupa ya maji na chumvi, Eliécer nyuma akiomba bila kumaliza sala hata moja, na mimi nimebeba ule mwili baridi uliokuwa unazidi uzito kila hatua, mpaka mikono ikafa ganzi, na tulipofika mahali palipobonyea kwa magunia nikausikia, Mungu wangu, nikausikia mlio wa mwanangu, ule wa njaa ninaoujua, unatoka kushoto ndani ya udongo, nikapiga magoti nianze kuchimba kwa kucha, na hapohapo mlio mwingine, uleule, njaa ileile, ukatoka kulia, na maziwa yakanitoka matiti yote mawili, yakalowesha blauzi mpaka kiunoni, na Don Belarmino ananong'ona ita, ita sasa, na mimi sijui nigeuze uso wangu upande gani.

Nikamwaga maji kwenye lile paji la uso baridi. Nikaita jina la marehemu mama yangu.

"Rosalba!"

Milio yote miwili ikakatika.

Mwili mikononi mwangu ukashtuka, ukavuta pumzi, ukalia. Joto likapanda kutoka miguuni. Akanyonya, akameza, nilisikia kila funda. Eliécer alikaa chini kwenye matope akalia kama mtoto, na Doña Herminda akampiga kofi la kichwa: "Simama, utaitwa na wewe!" Tukacheka wote, kicheko cha wazimu.

Sasa Rosalba anatembea. Amenenepa, ananuka sabuni na maziwa, watu sokoni wanamfinya mashavu. Hajasema neno bado. Doña Herminda anasema wapo wanaochelewa.

Wiki iliyopita nilikuwa napalilia, yeye nimemfunga mgongoni, sikumweka chini, simweki chini kamwe. Jua lilikuwa linawaka. Kutoka chini ya majani ya viazi, karibu kabisa na mguu wangu, sauti nyembamba ya mtoto anayejifunza kusema ikaniita.

"Mama."

Moyo wangu wote ulikwenda kwenye sauti ile. Nilifungua mdomo nimjibu, na mkono mdogo ukatoka nyuma ya bega langu ukaniziba midomo, taratibu, kwa upole. Ulikuwa mkono wenye joto. Joto la kawaida, la mtoto wangu.

Nikanyamaza.